Magomvi ya Kazini na Chanzo Chake

Watu wawili wanaofanya kazi pamoja wakianza kuchukiana, sisi watu wa parokia tuna majibu mawili ambayo yako tayari mdomoni. La kwanza: "Yule ana roho mbaya." La pili husemwa kwa sauti ya chini: "Si bure, kuna dawa hapo." Na baada ya majibu hayo hakuna mtu anayeuliza neno tena, maana roho mbaya huachiwa Mungu, na dawa hutafutiwa dawa nyingine.

Sisi tunaofundisha katekisimu huletewa mambo hayo mara nyingi. Watu hubaki nyuma baada ya mafundisho, husema wanataka tuwaombee. Tukiwauliza tuombe nini, ndipo inapotoka habari ya kazi: mwenzangu wa dukani, kapita wetu, mkubwa wa shule ninapofundisha, mwenye gari ninaloendesha. Wengine hawajasalimiana na wenzao tangu miezi sita, nao hukaa kwenye benchi moja toka asubuhi mpaka jioni. Tazameni vizuri: mtu hupitisha saa nyingi kazini kuliko mezani pamoja na mke na watoto wake. Kama kule kazini anameza uchungu kutwa, jioni atakula bukari na uchungu uleule, na watoto watauonja.

Basi tuseme wazi tunaloliamini. Magomvi mengi ya kazini hayazaliwi moyoni. Huzaliwa katika jambo ambalo halikupangwa, au lililopangwa vibaya: mshahara, zamu, chombo cha kazi, amri mbili kwa mtu mmoja. Moyo huja nyuma, na ukisha kuja hushika moto, hata watu husahau kuni zilitoka wapi. Kwa hiyo yafaa kuuliza "nini?" kabla ya kuuliza "nani?".

Tutoe mfano mmoja tuliouona kwa macho yetu, hapa Likasi, katika atelye ya useremala isiyo mbali na kanisa. Walikuwa watu saba: mwenye atelye, fundi mzee, fundi kijana, mafundi wengine watatu, na mwanafunzi wa miaka kumi na sita. Mwenye atelye huuza mbao sokoni, hufika jioni tu. Mashini ya randa ilikuwa moja. Kila fundi hulipwa kwa kitu alichomaliza: mlango, kitanda, dawati. Asiyemaliza kitu hapati kitu.

Fundi mzee alikuwa amefanya kazi pale miaka mingi, mkono wake ni mzuri, na wote humwita Papa. Fundi kijana alikuwa mwepesi, tena ana simu, na wateja humpigia yeye. Kwa miaka miwili walipatana. Halafu wakaanza kutazamana kando. Siku moja kisu cha randa kikavunjika mikononi mwa kijana, maana ubao ulikuwa na msumari ndani. Mwenye atelye akasema, "Aliyevunja atalipa," akakata feza za kijana. Juma lililofuata kisanduku cha vyombo vya mzee kikapotea, kikaonekana chini ya lundo la takataka za mbao. Baadaye mzee akaumwa tumbo siku mbili. Hapo neno "dawa" likatoka, na neno hilo likisha kutoka halirudi ndani kwa urahisi. Mke wa kijana akaacha kuteka maji bombani pamoja na mke wa mzee.

Wakati huo atelye ilikuwa imepokea kazi ya madawati arobaini ya shule, yawe tayari kabla ya watoto kurudi darasani mwezi wa Septemba. Kila mmoja akangoja mwenzake aanze kupasua mbao. Majuma matatu yakapita. Mkubwa wa shule akaja, akaona madawati tisa, akadai feza za kwanza alizotoa, akaenda kwa maseremala wengine. Yule mwanafunzi naye, mzee alimshuku kuwa mpelelezi wa kijana, na kijana alimshuku kuwa mpelelezi wa mzee. Kila mmoja alimfukuza kwenye benchi yake. Akaona hana mahali, akaenda kuchimba mawe pamoja na wachimbaji wa mkono, katika mashimo ambayo yakibomoka hayachagui mtu.

Mke wa mzee ndiye aliyekuja kutuita. Tulikwenda. Hatukuuliza nani aliyeficha kisanduku, wala hatukuuliza habari ya tumbo. Tulimwuliza kila mtu peke yake neno moja: "Ubaya huu ulianza siku gani?" Mzee akajibu, "Siku ya kisu." Kijana akajibu jibu lingine kabisa: "Mwalimu, ulianza umeme ulipopungua."

Jibu hilo lilitufungua macho. Katika mtaa ule umeme hauji siku nzima. Huja saa chache, hukatika bila kuaga. Zamani ulipokuwa ukikaa toka asubuhi, mzee alianza kwenye randa kwa heshima ya umri wake, akamaliza, wengine wakafuata, na hakuna aliyeumia. Umeme ulipopungua, desturi ilibaki ileile: mzee anaanza. Lakini sasa akimaliza yeye, umeme nao umekwisha. Desturi iliyokuwa heshima ikawa njaa ya wengine, na hakuna mtu aliyekuwa ameibadilisha, wala hakuna aliyekuwa ameisema.

Tukanunua daftari la shule. Juma zima yule fundi aliyeketi karibu na mlango aliandika saa za umeme na jina la aliyekuwa kwenye randa. Jumamosi tukasoma mbele ya wote. Umeme ulikuja saa ishirini na moja kwa juma zima. Mzee alitumia kumi na tatu. Kijana alitumia nne. Wale watatu waligawana nne zilizobaki.

Watu walinyamaza. Mzee akasema, "Mwalimu, mimi sikumnyima mtu mashini. Nilianza kama nilivyoanza siku zote." Alisema kweli. Kijana akamjibu kwa adabu, nasi tuliona kwamba maneno yale yalimtoka kwa shida: "Papa, umeme wa zamani ulikuwa wa siku nzima." Mzee akachukua daftari, akalisoma tena mwenyewe, polepole, akifuata mistari kwa kidole. Halafu akauliza, "Na hawa watatu, watoto wao wanakula nini?"

Wasomaji wetu wanaijua habari ya Abramu na Loti katika kitabu cha Mwanzo. Wachungaji wa mifugo yao waligombana. Maandiko hayasemi kwamba wachungaji wa huyu walikuwa wabaya na wa yule walikuwa wema. Yasema kwamba mifugo ilikuwa mingi na nchi haikutosha kwa wote kukaa pamoja. Ndiyo randa na umeme wetu. Tena Abramu ndiye aliyekuwa mkubwa, naye alikuwa na haki ya kuchagua kwanza, lakini alimwachia mdogo achague. Tuliwakumbusha jambo hilo, hatukuongeza mahubiri.

Mapatano yalikuwa haya. Zamu za randa ziandikwe ukutani, na mwenye kazi kubwa ya juma atangulie, awe mzee awe kijana. Kisu kikivunjika kwa msumari, kilipwe na sanduku la atelye, maana msumari ulitoka sokoni pamoja na mbao, haukutoka mfukoni mwa fundi. Kila ubao upitishiwe sumaku kwanza. Na mwenye atelye atoe amri zake kwa mtu mmoja, asimpigie kila fundi simu kwa siri na kumpa kila mtu ahadi yake.

Hilo la mwisho lilikuwa gumu kuliko yote. Mwenye atelye hakulipenda. Tuliona kwamba ile hali ya watu kuogopana haikumchukiza sana. Kuna wenye kazi wanaodhani kwamba wafanyakazi wakigombana hawataweza kuungana na kudai mshahara. Hesabu yao ni mbaya. Huyu alipoteza madawati thelathini na moja kwa ajili ya kisu kimoja, na feza alizomkata kijana hazikutosha kununua hata mbao za madawati mawili.

Tumekaa sana katika atelye ile kwa sababu chanzo chake kilionekana wazi. Mahali pengine chanzo hujificha zaidi. Kijana mwenye diploma huwekwa juu ya mzee aliyeijua kazi kabla kijana hajazaliwa, wala hakuna aliyewaambia wote wawili mpaka wa kazi zao ni wapi. Wafanyakazi wawili hulipwa tofauti kwa kazi moja, nao huambiwa wasiulizane. Mwanamke anayefagia hospitali huamriwa na watu wanne, kila mmoja kwa saa ileile, jioni huitwa mvivu. Na kuna lile neno linalochoma kuliko tusi: "Shukuru, umepata kazi." Mtu akiambiwa hivyo haelewi kwamba ameheshimiwa kwa kupewa kazi, anaelewa kwamba amekatazwa kusema.

Twaogopa zaidi ugomvi wa kazi unapovaa nguo ya kabila. Katika Katanga tumelipa jambo hilo kwa bei kubwa. Katika miaka 1992 na 1993 watu wa asili ya Kasai, wengi wao waliozaliwa hapahapa, walifukuzwa katika nyumba zao Likasi na Kolwezi, wakalundikana kwenye vituo vya gari moshi wakingoja safari, na wengi wakafa. Siasa ndiyo iliyochochea. Lakini maneno yaliyochochewa yalikuwa yamelala siku nyingi katika kazi za migodi: nani ana cheo, nani ni karani, mtoto wa nani ataandikwa. Hayo yalikuwa maswali ya kazi, na yangeweza kujibiwa kwa sheria za kazi zilizo wazi kwa wote. Yakaachwa bila jibu, yakaokotwa na watu waliokuwa na nia nyingine.

Tena kuna ukimya unaofanana na amani. Hapo yafaa kukumbuka mwaka 1941. Ilikuwa wakati wa vita vya Ulaya. Shaba ya Katanga ilitakiwa sana, kazi iliongezwa, bei ya vitu ilipanda, na mshahara wa Mwafrika ulibaki haba. Wafanyakazi Wazungu wa Union Minière waligoma mwaka huohuo, nao walikuwa na chama cha kuwasemea. Waafrika hawakuruhusiwa kuwa na chama. Mwezi wa Desemba nao waliacha kazi. Tarehe 9 Desemba walikusanyika katika uwanja wa mpira wa Elisabethville, ndiyo Lubumbashi ya leo, na msemaji wao alikuwa karani mmoja, Léonard Mpoyi. Askari wakapiga risasi. Mpoyi aliuawa, na watu makumi pamoja naye. Hesabu ya serikali na hesabu ya watu hazikupatana kamwe. Ni mwaka 1946 tu serikali ya Wabelgiji ilipowapa wafanyakazi Wakongo ruhusa ya kuunda vyama, tena chini ya ulinzi wake.

Kabla ya Desemba ile, mtu aliyepita karibu na makambi ya wafanyakazi angeweza kusema kwamba wale watu wametulia. Walitulia kwa sababu hapakuwa na meza ya kuwekea neno lao. Mkubwa wa kazi anayejisifu kwamba kwake hakuna malalamiko, na atazame kwanza kama kwake kuna mahali pa kulalamika.

Matendo ya Mitume yanatuonyesha njia nyingine. Katika Yeruzalemu wajane wa Wayahudi waliosema Kigriki walisahauliwa wakati wa kugawa chakula cha kila siku, na watu wao wakanung'unika. Mitume hawakuwaambia, "Mna roho ya manung'uniko." Walikubali kwamba kazi ilikuwa imezidi watu, wakaagiza wachaguliwe watu saba wa kuiangalia. Someni majina ya wale saba: yote ni ya Kigriki. Ni kusema, kazi ya kugawa ilitiwa mikononi mwa upande uliolalamika. Sisi tumewasimulia wakubwa wa kazi wawili watatu jambo hilo, wakacheka. Mmoja alilijaribu: alimpa daftari la posho yule mtu aliyekuwa akipiga kelele kuliko wote. Kelele zilikwisha baada ya siku chache, maana yule mtu alijionea kwamba feza zilikuwa kidogo kweli.

Kuhusu ile njia ya Injili, ya kumwendea ndugu yako peke yake kwanza, halafu na mmoja au wawili, halafu mbele ya jumuiya, twaipenda na twaifundisha. Kati ya mafundi wawili walio sawa hakuna njia bora kuipita, kwa sababu humaliza neno kabla halijafika sokoni, wala kwenye makundi ya simu, ambako mtu huandika usiku maneno ambayo asingeyasema mchana. Lakini tuwe na akili. Mfanyakazi wa nyumbani hawezi kumwendea bibi wa nyumba peke yake kana kwamba wako sawa. Kesho atakuwa barabarani. Kwa mdogo mbele ya mkubwa, wale mmoja au wawili wawepo tangu mwanzo.

Nchi yetu nayo imeweka njia. Sheria ya Kazi ya tarehe 16 Oktoba 2002 inataka kwamba mfanyakazi na mwenye kazi wasipopatana, neno lao lipelekwe kwanza kwa inspekta wa kazi, naye ajaribu kuwapatanisha. Wakishindwana hapo, ndipo waende tribinali. Watu wengi wa parokia yetu hawaijui njia hiyo, au wanaijua na kuiogopa. Wengine husema inspekta atataka kitu mkononi. Ndiyo sababu twashauri mtu asiende peke yake wala mikono mitupu. Mikono isiyo mitupu ni karatasi: mapatano ya kazi kama yako, vipande vya malipo, tarehe zilizoandikwa, majina ya walioona. Daftari la atelye yetu liligharimu feza kidogo sana, likafanya kazi ambayo viapo kumi visingeifanya.

Nasi tunaopatanisha tuna hatari yetu. Ni rahisi sana kumhubiria uvumilivu mtu ambaye hajalipwa miezi mitatu. Anakaa kimya kwa heshima, sisi twarudi nyumbani tukidhani tumeleta amani. Papa Leo XIII, mwaka 1891, katika barua yake juu ya wafanyakazi, alifundisha kwamba hata kama mtu amekubali mshahara kwa mdomo wake, haki ya asili inataka mshahara huo utoshe kumlisha mfanyakazi mwenye maisha ya kiasi. Akikubali chini yake kwa sababu ya shida, ametendewa kwa nguvu. Basi penye deni, lilipwe kwanza. Kusameheana kuje pamoja na feza, au nyuma yake.

Tena si kila ugomvi unakwisha kwa watu kubaki pamoja. Abramu na Loti waliachana. Paulo na Barnaba waliachana kwa maneno makali juu ya Marko, kila mmoja akashika njia yake, na miaka ilipopita Paulo alimtaka Marko awe karibu naye. Kuna kuachana kwa vita na kuna kuachana kwa utaratibu: hesabu imalizwe, mtu alipwe chote, apewe karatasi inayoshuhudia kazi aliyofanya na muda aliokaa. Wenye kazi wengine hunyima karatasi hiyo ili kulipiza kisasi. Ni haki ya mfanyakazi kwa sheria, si zawadi.

Fundi kijana alikaa katika atelye ile miezi mitano baada ya daftari. Zamu zilifuatwa, kijana alisalimu, mzee aliitikia, lakini lile neno la dawa lilikuwa limekaa kati yao kama msumari ndani ya ubao, na mwenye atelye alirudia tabia yake ya simu. Kijana akaaga. Alilipwa milango yake yote, akarudishiwa na zile feza za kisu, akaandikiwa karatasi. Mwanafunzi tulimtuma mtu mara mbili kule machimboni kumwita, hakuja. Kijana alifungua benchi yake chini ya mwembe, upande wa pili wa barabara, hana randa, hupiga kwa mkono. Wateja wanaotaka viti mzee huwaelekeza kule, maana yeye viti hakuvipenda tangu zamani, husema ni kazi ya kumvunja mtu mgongo kwa feza kidogo.